Ganda Lisilo na Ngano

Tangu niache kazi, sikio langu la kushoto bado linasaga. Nikikaa barazani asubuhi, jua halijapanda, nausikia mkanda wa mashine ukizunguka mahali pasipo na mkanda, na nahisi vumbi la unga likinishukia nyusi taratibu, jepesi kama usingizi. Mke wangu Asha hunambia nshaoga, unga umeshatoka, niache kujipangusa. Lakini mtu aliyeishi ndani ya wingu jeupe zaidi ya miaka thelathini hatoki humo kwa siku moja. Basi nawaandikia nyinyi mliobaki kwenye ile mashine ya kusaga, nje kidogo ya Mji Mkongwe, machache niliyoyaona mle ndani. Habari za vyeo sina. Katika kibanda chenye mashine moja hakuna pa kupanda ila juu ya gunia.

Nilifika nikiwa kijana wa miaka ishirini, nimetoka Makunduchi na lugha yangu ya shamba, na wateja wa mjini walikuwa wakiniagiza niseme maneno ili wacheke. Msagaji wakati ule alikuwa Fundi Vuai, mtu mfupi, mkimya, mwenye kope nyeupe kwa unga. Siku ya kwanza hakunionesha hata swichi ilipo. Alinikalisha juu ya gunia la mchele, akanambia nifumbe macho, kisha akanitilia kitu kiganjani.

"Huu nini?"

"Unga, fundi."

"Unga ni jina la ukoo. Nataka jina lake mwenyewe."

Tukakaa hivyo mpaka adhuhuri. Unga wa mchele ulikuwa na mchanga mdogo uliolia chini ya kidole gumba. Wa muhogo ulitereza kama poda ya mtoto. Wa dengu ulinuka ubichi. Wa ngano niliufumbata, na nilipofumbua mkono, fundi akanambia nipapase: umbo la vidole vyangu lilikuwa limebaki, kama mtu aliyelala akaacha alama ya shavu kwenye mto. "Huo haukuachii," alisema, akageuka kumhudumia mteja. Nilipofumbua macho, mwanga ulikuwa unaingia kwenye matundu ya bati, na kila mwale umesimama ndani ya vumbi kama nguzo. Kwa muda sikujua kama nipo kazini au bado naota.

Baadaye alinifundisha mashine yenyewe. Ndani mna nyundo za chuma zinazopiga punje, na chini yake chekeche, lile bati la matundu. Ukitia la matundu madogo unapata unga laini, la matundu makubwa unapata chenga. Unga ukitoka wa moto kupita kiasi, nyundo zimekwisha makali. Ukisikia mashine inakohoa, zima kwanza, uliza baadaye. Fundi Vuai hakuwahi kuandika lolote kati ya haya. Aliyaweka mikononi mwangu.

Kosa langu kubwa la ujanani lilikuwa la pilipili. Ramadhani moja nilisaga pilipili kavu, kisha bila kusafisha nikasaga mchele wa vitumbua wa mama mmoja. Kesho yake yule mama akaja na bakuli la vitumbua vyekundu kidogo, akanikodolea macho mbele ya foleni nzima, akanambia jua likizama nianze kufuturu navyo. Nilivila vitatu. Tangu siku ile kila baada ya pilipili tulipitisha pumba kusafisha koo la mashine, na mimi nikajiona fundi mwangalifu. Sikujua kwamba pilipili inanusurisha watu kwa kuwa ina kelele. Vipo vitu vinavyopita kimya.

Fundi Vuai alifariki, Mungu amrehemu, na kiti chake nikakirithi mimi. Miaka ikaanza kushuka kama nafaka, mingi kwa pamoja, bila kuonekana ikipita. Naikumbuka kama mchana mmoja mrefu: mwanga kwenye matundu, wanawake wanangoja na mikoba, mashine inaimba, nami nasikiliza nusu na kuota nusu.

Alipokuja Bi Rukia nilikuwa nimebakisha kama miaka miwili nistaafu. Alikuwa mjane wa Kiembe Samaki, mshonaji mabuibui, mwenye sauti ya mtu asiyependa kurudia neno. Alishika mifuko miwili, mmoja wa mchele na mwengine wa makopa, ile mihogo iliyokaushwa.

"Mchele nataka uwe chenga," alisema. "Kama mchanga wa pwani, mwembamba kidogo. Muhogo uwe laini kabisa."

"Wa kupikia nini, Bi Rukia?"

"Kuku."

Nilicheka. Yeye hakucheka. Akanieleza kwamba bintiye Nasra, mwalimu wa skuli ya msingi, kijana wa miaka ishirini na sita, aliugua tumbo miaka na miaka. Anakula na hanenepi, anasimama na kichwa kinazunguka. Mwisho daktari mmoja akagundua kwamba utumbo wake haukubali ngano hata kidogo. Mkate, chapati, maandazi, sambusa, vyote haramu kwake, na shayiri pia.

"Wali anakula, samaki anakula, ndizi anakula," alisema Bi Rukia. "Lakini tangu mdogo, kila Ijumaa nnamkaangia kuku wa kuvingirisha kwenye unga na chenga za mkate. Daktari kakataza ngano. Hakukataza Ijumaa."

Alikuwa ameshajaribu unga wa mchele wa dukani, na ganda likatoka gumu kama kigae. Nikamsagia alivyotaka, lakini neno lake la Ijumaa nikarudi nalo nyumbani. Asha ni mpishi hasa, na hapendi kushindwa na chakula. Tukaanza kujaribu wenyewe, jioni baada ya jioni, na majirani wakawa wanapita kutusalimia zaidi ya desturi.

Mchele mtupu uliokuwa laini ulikauka ukawa jiwe. Muhogo mtupu ulivutika kama mpira. Dengu ilikuwa tamu, lakini Asha alisema hiyo ni bajia iliyomeza kuku. Mwisho tukapata mchanganyiko: vikombe viwili vya chenga za mchele kwa kimoja cha unga wa muhogo, uzile, ile bizari nyembamba, uliokaangwa kidogo bila mafuta, giligilani, pilipili manga, manjano ya kutia rangi tu, na chumvi. Kuku akatwe vipande vidogo, alale saa nzima kwenye ndimu na thomu, yaani kitunguu saumu, kisha apanguswe mpaka akauke. Kwanza anapakwa muhogo mkavu, halafu anachovywa kwenye yai, halafu anavingirishwa kwenye mchanganyiko na kukandamizwa kwa kiganja. Hapo wengi huharibu kwa haraka. Vipande viachwe kwenye sinia robo saa, mpaka unga utoke jasho na kushika. Mafuta yajaribiwe kwa punje ya mchele: ikizama ngoja, ikipanda na kucheza tia. Na ukishatia, usimguse. Kuku anataka kuachwa peke yake kama mtu anayefikiri.

Wiki iliyofuata nikampa Bi Rukia maelezo hayo kwa mdomo. Ijumaa ya pili yake Nasra mwenyewe akapita kibandani, mwembamba, mikono imejaa madaftari.

"Shikamoo, Ami Khamis."

"Marahaba, mwanangu. Ganda limelia?"

"Limelia mpaka jirani kagonga mlango." Akacheka. "Umenirudishia Ijumaa yangu, Ami."

Nilitembea na maneno hayo siku nyingi. Kila wiki nikamsagia mama yake, na kila wiki nikajisikia nafanya jambo jema.

Miezi ikapita. Asubuhi moja Bi Rukia akaja bila mfuko. Alisimama mlangoni, wala hakuingia.

"Nasra kazidi kuumwa," alisema. "Juzi kaanguka darasani mbele ya watoto. Daktari kapima damu, kasema ngano bado inaingia mwilini mwake. Kwangu hamna hata punje. Basi anaila wapi?"

Nikajipangusa unga mikononi.

"Nakwambia anaila wapi. Forodhani, jioni, na walimu wenzake. Nimemuuliza, kakataa. Nimemwapisha, kaapa. Kaniapia uwongo, Khamis, mtoto niliyemlea na msahafu! Sasa tunakula sinia moja, hatusemezani."

Nikampa pole, nikamwambia vijana wana mambo yao. Mungu anisamehe, nilisema hivyo.

Alipoondoka, mteja aliyefuata alikuwa na ngano ya chapati. Nikaisaga. Baada yake akaja mwengine na mchele. Nikawasha, nikaweka mkono chini ya mfereji unakotokea unga, kama ilivyo ada, na kiganja cha kwanza cha unga kikanishukia. Haukuwa mweupe. Ulikuwa na rangi ya maziwa yaliyotiwa chai kidogo. Nilikuwa nimeiona rangi ile mara elfu, ikidumu kwa kiganja kimoja au viwili kisha mweupe ukafuata, nami nikaona ndivyo mashine inavyoamka. Safari hii nikaufumbata unga ule. Nilipofumbua mkono, alama za vidole zilikuwa zimebaki.

Nikazima. Nikafungua kifuniko. Nyuma ya chekeche, kwenye pembe na chini ya vichwa vya skurubu, ngano ilikuwa imeganda kama saruji. Nikaikwangua kwa kijiko mpaka bakuli likajaa nusu. Kibanda kilinyamaza, vumbi likawa linashuka polepole kwenye mwanga, na mimi nimekaa juu ya gunia na bakuli mapajani, nikijisikia kama mtu anayefungua chumba chake mwenyewe akakuta mgeni anaishi humo siku zote.

Mwenye mashine alipokuja nikamuonesha. Hakuwa mtu mbaya. Alilitazama bakuli, akatazama mlango.

"Ukiwaambia watu mashine yetu ina ngano ndani, nani ataleta mchele?"

"Wasioumizwa na ngano wataleta. Na anayeumizwa asije."

"Umesaga miaka yote hiyo, hakufa mtu."

"Hatujui, tajiri. Hatukuuliza."

Nikamwambia nalipeleka bakuli kwa Bi Rukia, naye akasema niende ninakotaka kwenda.

Baada ya alasiri nikenda Kiembe Samaki na bakuli nimelifunga kwa kitambaa. Ndege ilikuwa inapita chini chini kuelekea uwanjani, nikangoja mvumo ukatike ndipo nipige hodi. Nasra alikuwa amekaa mkekani, ameegemea ukuta, anasahihisha madaftari. Uso wake ulikuwa na rangi ya majivu. Mama yake alikuwa kwenye cherehani upande wa pili wa chumba, na chumba kilikuwa kidogo, lakini ungedhani kuna mkono wa bahari kati yao.

Nikafungua kitambaa.

"Bi Rukia, hii ni ngano. Imetoka ndani ya mashine yangu leo. Kila nilipokusagia mchele na muhogo, nayo ilikuwa inashuka. Mtoto hajala Forodhani. Kala kwangu."

Cherehani ikasimama. Kalamu ya Nasra nayo ikasimama.

"Tangu lini?" aliuliza Bi Rukia.

"Tangu siku ya kwanza."

"Ulikuwa hujui?"

"Nlikuwa najua ngano inabaki kidogo. Sikujua kama kidogo kinaumiza. Wala sikuuliza."

"Nimemwita mwanangu mwongo, Khamis."

"Najua."

"Hujui," alisema. Akainuka, akaingia jikoni, akarudi na mfuko wa unga niliomsagia wiki ile, akanitia mikononi. "Chukua unga wako."

Akarudi kwenye cherehani, akanipa mgongo. Nasra ndiye aliyenisindikiza mpaka mlangoni, kwa kuwa amelelewa. "Ahsante kwa kuja, Ami," alisema. Machozi yalikuwa yamemjaa lakini hakuyaacha yaanguke.

Siku zilizofuata nikajaribu kuisafisha ile mashine. Nikaipiga brashi, nikapitisha pumba la mpunga, nikaipuliza kwa upepo wa pampu, nikarudia mara tatu. Nilipofungua, ngano bado imo pembeni. Hapa nataka mnisikilize, nyinyi mnaoendelea. Mashine inayosaga ngano haisafishiki kwa mtu kama Nasra. Msimwambie mteja "tumesafisha" kwa sababu mmeona bati linang'aa. Mwambieni asilete. Nikataka kuweka bango la kusema hivyo, na tajiri akakubali kwa shingo upande. "Andika," alisema, "lakini herufi ndogo." Brashi niliyokuwa nayo ilikuwa ya kupakia milango, kwa hiyo herufi hazikuwa ndogo. Wateja hawakupungua. Bango mnalo mpaka leo, na mkiona rangi inafifia, ipakeni tena.

Kwa seremala nikaagiza kinu na mchi, mti mpya ambao haujawahi kuona nafaka yoyote. Nikanunua mkeka mpya wa kuanikia, chungio jipya, na viungo vyote vikiwa vizima, maana viungo vya unga vimepita kwenye mashine za wenzangu, na baadhi ya wauzaji huvichanganya na unga ili viongezeke. Kila Alhamisi nikitoka kazini, mimi na Asha tukawa tunatwanga uani. Mchele umeoshwa, umekauka nusu, unalainika chini ya mchi bila kelele. Asha anapiga, nami napiga, na baada ya muda hatujui tena mkono wa nani unapanda na wa nani unashuka. Nilikuwa nikisinzia nimesimama. Harufu ya uzile na giligilani ikipanda kutoka kinuni, jua linaondoka uani pole pole, na wakati mwengine nikajikuta niko Makunduchi, mdogo, bibi yangu anatwanga.

Unga wa kinu hautoki sawasawa. Vumbi limo, chenga zimo, na punje zilizopasuka vipande viwili zimo. Nilidhani hilo ni dosari. Asha alipokaanga vipande vya kuonja, kwenye karai jipya na mafuta mapya, ganda likawa bora kuliko lote tulilowahi kupata na mashine: vumbi linashika nyama, chenga zinalia. Miaka yote nimejisifu kwa chekeche linalotoa unga wa namna moja, kumbe ulimi unataka fujo kidogo.

Asha ndiye aliyepeleka, kwenye chombo cha plastiki kilichofungwa. Bi Rukia akampokea mlangoni. Asha alimueleza kila kitu, kinu, mkeka na viungo, na kwamba mafuta yasiwe yaliyokaangia kitu cha unga. Bi Rukia akasikiliza mpaka mwisho, akasema, "Mwambie nimepokea." Basi. Alhamisi ya pili hivyo hivyo, na ya tatu. Chombo kinarudi kitupu, kimeoshwa.

Alhamisi ya tano au ya sita chombo kikarudi na ndimu tatu ndani.

"Kaanza kusamehe," alisema Asha.

"Kwa ndimu tatu?"

"Baba Salma, kitupu kilikuwa kitupu. Ndimu tatu ni mwanzo."

Nilibakisha wiki chache kustaafu tulipoletewa salamu kwamba tunakaribishwa chakula, Ijumaa baada ya sala. Nasra alitufungulia. Mashavu yalikuwa yamerudi, na alitembea kama mtu anayejua sakafu ipo chini ya miguu yake. Daktari kampima tena, alisema, na safari hii karidhika. Tukakaa mkekani. Mama yake alikuwa jikoni, nyuma ya pazia, na mafuta yalishaanza kuimba.

Nikamwambia Nasra kwamba siku ile nilikiri kosa langu mbele ya mama yake, lakini yeye sikumuomba radhi, na nataka kumuomba sasa. Akatazama mikono yake.

"Ami, nikwambie kitu sijamwambia mtu," alisema kwa sauti ndogo. "Mama aliposhikilia kwamba nakula ngano, mwisho nikamuamini. Mama yangu hasemi uwongo. Nikafikiri labda nakula usingizini na sijijui. Nikawa kila nikiamka nanusa vidole vyangu, nione kama vina harufu ya mkate."

Asha akashika mdomo. Mimi nikatazama pazia, kwa kuwa lilikuwa limetikisika. Bi Rukia alikuwa amesimama pale, mikono ameinyanyua juu, imejaa unga mpaka kwenye viwiko. Sijui alisimama tangu lini. Nyuma yake mafuta yalikuwa yanaunguruma. Akaja akakaa mkekani, mbele ya bintiye, magoti yakagusana.

"Nasra."

"Naam, mama."

"Niwie radhi, mwanangu."

Nasra akaichukua ile mikono yenye unga, akajiwekea mashavuni, na wakakaa hivyo, unga mweupe ukimshukia shingoni na kwenye kifua cha gauni lake la Ijumaa. Sijui ilikuwa dakika moja au tano. Chumba kilijaa harufu ya thomu na uzile, kisha harufu nyengine.

"Mama," alisema Nasra, bado amefumba macho, "kuku anaungua."

Asha ndiye aliyekimbilia jikoni. Kuku akaletwa ana rangi ya kahawa upande mmoja na nyeusi upande wa pili, na Bi Rukia akaitazama sinia kwa hasira za mpishi. Akachagua kipande kilichonusurika zaidi, akakiweka mbele ya bintiye. Kisha akatafuta tena, akikigeuza hiki na kile, mpaka akapata cha pili kisichoungua. Akakisukuma upande wangu wa sinia, bila kunitazama, akasema, "Kula, Khamis, kisipoe."